Hasira Haizuii Sumu

Jumapili, Likasi

Nampenda Héritier hata anaponikatalia. Ndoa yetu ina wiki sita, na bado nikimtazama akitupa dadu moyo wangu unaruka.

Leo alituongoza tena katika mchezo wa mezani wa mashujaa wa kubuni, mimi na dada yake Nadine. Kwa kanuni za mchezo, mpiganaji wangu akikasirika, upanga na rungu humwumiza nusu tu. Akaingia pango lenye mvuke wa sumu. Nikasema amekasirika, basi aumie nusu.

“Hapana, chérie. Hasira inapunguza upanga na rungu. Sumu inaingia yote.”

“Hata kwa bibi yako wa ndoa?”

“Hata kwa bibi yangu.”

Nadine akacheka. Héritier naye akacheka, kisha akakohoa mpaka akaweka dadu chini.

Kikohozi hicho amekitoa kiwandani, kwenye mvuke wa asidi. Kila nikimwomba aache kazi hujibu, “Minye niko na nguvu.” Anazo kweli. Mikono ile ilininyanyua juu siku ya harusi, mbele ya mama yake, nikaona niko mbinguni.

Nilitaka kumwambia kwamba kanuni ameisema mwenyewe: sumu inaingia yote. Lakini kazi nyingine iko wapi? Nikaenda kumfulia salopeti, nguo yake ya kiwandani, ya kesho.