Mzigo wa Majani Mabichi

MAELEZO YA SHAHIDI, YAMEANDIKWA KITUONI SAA 9:20 ALASIRI

Jina: Wananiita Bwana Lifti. Umri: Miaka 58. Kazi: Niliendesha lifti ya jengo la ofisi mjini miaka ishirini na miwili, sasa namchungia dada yangu ng'ombe wake mmoja. Nilikuwa namchungia. Makazi: Kwa dada, chumba cha nyuma, kando ya zizi.

Nimekuja mwenyewe, sikuitwa.

Mnamo tarehe 6 mwezi huu, saa moja asubuhi, nilimfunga ng'ombe kwa fundo la kamba za viatu, ndilo pekee ninalolijua. Likafunguka, akala kabichi zote za jirani. Jirani alifoka mbele ya watu: "Siku moja nitammaliza huyu ng'ombe." Jioni hiyohiyo alikuja na kamba yake kunifundisha kufunga. Ndiye pia aliyenifundisha kukamua, baada ya mimi kupigwa teke nikakalia ndoo ya maziwa. Alicheka mpaka akashika mbavu. Wengine hapa hunicheka kwa dharau, yeye hapana.

Jana, tarehe 14, dada alikwenda kliniki, akaniachia majani makavu ya kumlisha ng'ombe. Niliyaona duni. Shambani mtama uliovunwa ulikuwa umechipua upya, laini, kijani kibichi. Nilimhurumia mnyama, nikakata mzigo mzima, nikampa saa nne. Alikula kwa raha, nami nikajiona mkulima kwa mara ya kwanza. Saa nne na nusu alianza kuhema na kutetemeka. Nilimpepea kwa gazeti. Saa tano alikuwa amekufa.

Dada aliporudi alilia, akasema jirani ametimiza maneno yake. Hata mimi niliamini hivyo. Polisi wakamchukua.

Leo saa sita mchana daktari wa mifugo aliniuliza ng'ombe alikula nini. Nikamweleza. Akasema, "Mzee, machipukizi ya mtama ni sumu. Hata watoto wa hapa wanajua."

Jirani hana kosa. Ng'ombe nimemuua mimi. Maziwa yale ndiyo yaliyomnunulia dada dawa, na inaniuma sana. Dada yuko nje kwenye benchi. Anadhani nimekuja kuongezea ushahidi dhidi ya jirani. Shati hili amenipigia pasi yeye.

Nimesomewa niliyoyasema, ni yangu yote. Naomba afande amsomee dada. Mimi siwezi.

Sahihi ya shahidi: (ametia saini)

Maandishi ya afisa: Nimemsomea dada yake saa 10:05. Jirani ameachiwa, naye ndiye aliyemsindikiza mama huyo nyumbani. Shahidi nimemwambia hana kesi, aende zake. Mpaka nafunga jalada, bado amekaa kwenye benchi.