Siku Niliyokuwa Huru Mahakamani

Chumba cha Juu,
Nyuma ya Duka la Fundi Cherehani,
28 Mei.

Mpendwa Dada,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta una nafuu, na mjukuu wetu Mwalimu, anayekusomea, hajambo. Mwalimu, soma polepole. Mimi ni mzima, ila magoti hununa kila ninapopanda ngazi.

Macho je? Uliniandikia kwamba jicho la kulia limekwisha kufunga duka, na la kushoto linaona sura za watu kama kwenye kioo chenye mvuke. Daktari amesema nini tena? Tangu nipate habari hiyo, usingizi wangu ni wa kuazima.

Uliniita nije kabla la kushoto nalo halijazima. Ndiyo maana nilikwenda mahakamani. Unajua sisi tuliokimbilia huku tunaishi chini ya amri: nisivuke daraja la kutokea mjini bila kibali, na kibali hakitolewi. Amri ni ya miezi sita. Ikiisha huandikwa nyingine. Nikaomba ifutwe.

Kesi ikaahirishwa na kuahirishwa. Mara jaji yuko likizo, mara jalada halionekani, mara wakili wa serikali anaumwa jino. Jino lile, Dada, liliuma msimu mzima.

Hatimaye tukaitwa. Nilivaa koti ulilonishonea nilipoondoka. Jaji, mama mpole mwenye miwani, aliuliza kama amri ile bado ipo. Wakili wa serikali akajibu kwamba muda wake uliisha jana.

"Basi hakuna cha kufuta," jaji akasema. "Ombi limepitwa na wakati."

Akalifunga jalada. Hata chai isingepoa.

Nilitoka nisijue nimeshinda au nimeshindwa. Pale kwenye korido askari akaniamkia kwa adabu, akanikabidhi amri mpya. Karatasi ilikuwa bado na joto la mashine. Akanihurumia pia: ijayo ataniletea nyumbani mapema, nisipate taabu ya kuja.

Wakili wangu, binti asiyejua kukata tamaa, anataka tukate rufaa. Anadai mahakama iamue hata kama amri imekufa, maana kila ikifa huzaliwa upya. Nimesoma hoja zake, nazo ni nzuri mno. Nimetia sahihi. Lakini rufaa nayo ina foleni yake, na jicho lako halikubali kuahirishwa.

Nilipomsimulia mwenye nyumba wangu, yule fundi tunayemwita Mkasi, aliacha kukanyaga cherehani.

"Yaani mzee, asubuhi ile hukuwa na amri yoyote?"

Nikamwambia sikuwa nayo.

"Basi mlango ulikuwa wazi, wewe ukaenda kuomba ufunguo."

Alicheka mpaka akajifuta machozi kwa suruali ya mteja. Nami nikacheka. Kisha nikapanda chumbani, nikakaa kitandani na koti langu mwilini. Basi la kuja kwenu huvuka daraja lile kila alfajiri. Kutoka dirishani nasikia likibadilisha gia.

Sasa, Mwalimu, hapa utataka kuruka mstari, kwa kuwa katika ukoo wetu, mdogo ndiye humfuata mkubwa, na hakuna aliyewahi kumwita dada yake kama anayeita mtoto. Usiruke. Msomee bibi yako kama nilivyoandika.

Dada, niwie radhi kwa utovu huu wa adabu. Amri inanikataza mimi kutoka; haikukatazi wewe kuingia. Njoo. Mwalimu akushike mkono. Kitanda ni chako. Mkasi atanitandikia chini ya meza yake ya kukatia nguo. Nitasimama upande wangu wa daraja, karibu kadiri askari atakavyoniachia, nimevaa koti hili hili ili jicho la kushoto lisipate shida kunitafuta.

Nisalimie Shemeji, na jirani yenu Mama Kuku, kama bado anagombana na majogoo wake. Mungu akutunzie mwanga uliobaki, angalau mpaka darajani.

Ndimi mdogo wako akupendaye,
Kitindamimba