Mwanangu Katoka Kumbini Bila Jina

Kaka Mrisho,

Jina la baba yetu limenitoka Alhamisi iliyopita, mlipowatoa wari wa jando kumbini mimi sipo, ukampa mwanao jina hilo, Mwinyikondo, mbele ya watu, na mwanangu Tabu ukamwacha. Nimeanza na hilo kwa kuwa ndilo linalonikaba. Sasa shikamoo. Mama goti limepoa? Mimi huku Bagamoyo ni mzima, nahesabu mizigo ya wapagazi tangu alfajiri, na sijakosea hata mmoja.

Kwa hiyo usiniambie nilikosea siku. Ngariba alipomaliza kazi yake tulifunga kamba mbili, moja yako, moja yangu, mafundo thelathini kila moja. Kila asubuhi tufungue fundo. Likiisha la mwisho, watoto watoke. Nimefika Ijumaa, kamba yangu bado ina mafundo manne. Kumbi mmekwisha kulichoma! Shangazi anafagia majivu, akaangua kicheko: "Baba Tabu, umekuja kumtoa mwari au kuomba moto?"

"Kaka yuko wapi?"

"Amekwenda Ubena."

Ubena, ghafla hivyo?

Tabu ameniambia wenzake sita waliitwa majina yao ya ukubwani, yeye wa saba akapita kimya. Sasa watoto wanamwita Wasaba.

Umesahau sisi tulivyotoka? Shuka moja watu wawili, wewe umejifunga, mimi nimeshika ncha. Chakula muhogo mkavu, kitoweo hakuna. Lakini baba alitembea siku mbili kutoka pwani, miguu imevimba, aje atamke majina yetu kwa kinywa chake. Nawe mwaka huu ulinishika bega ukasema, "Wako hatoki mpaka ufike umpe jina la baba." Nikakuamini, nikarudi kazini.

Jina la marehemu hupewa mmoja tu katika kumbi moja, unajua kuliko mimi. Na unajua halishiki mpaka wari wanyolewe mara ya pili. Hiyo ni Ijumaa ijayo.

Nisalimie mama, akande goti kwa mafuta ya nazi niliyomwachia. Nisalimie shemeji anayempikia mwanangu, na shangazi pia, ingawa kicheko chake kingali masikioni.

Mwalimu anayekusomea barua hii anaondoka kwako Jumatatu baada ya adhuhuri. Mpe neno moja: utasimama mbele ya watu wale wale umpe Tabu jina la baba, ndiyo au hapana? "Tutazungumza" sitaipokea.

Mdogo wako,
Selemani