Mmarekani Uliyekuwa Ukimlilia

Nizwa, Ijumaa asubuhi

Shikamoo Mama,

Hutoamini! Nimekunywa kahawa na yule Mmarekani wa michezo ya kuigiza ya Waingereza kwenye TV, yule anayeuawa kabla hadithi haijakolea! Nimemkuta kwenye mnada wa mbuzi, jasho linamtoka, kikombe cha saba. Kila akimaliza anamiminiwa tena, maskini, hajui kwamba ukitosheka unakitikisa kikombe. Nikamwonyesha.

"Umeniokoa!"

Nikamwambia ulivyokuwa ukimlilia. Akacheka: "Nilianza kuandika michezo mwenyewe ili nifike mwisho. Wakaniua vilevile."

Nakubusu mikono, Mama, na dawa usiache. Hayo maandishi ya kombokombo hapo pembeni ni yake, Kiswahili nimemfundisha mimi: "Usilie, Mama. Bado nipo."

Mwanao,
Zuwena