Usijifunike Uso

Machakos mjini,
Alhamisi.

Kwa mdogo wangu Masila,

Pokea salamu zangu, na za wanangu wanaomwulizia mjomba wao kila siku. Natumaini barua hii inakukuta ukiwa mzima na umekula. Sisi huku tunashukuru Mungu, ila Mama presha imempanda, hatoki kitandani.

Kazi yangu unaijua. Miaka yote hii nimekaa kwenye benchi la waandishi wa habari pale kortini nikisikia majina ya watoto wa watu, na jioni nayasoma kwenye runinga kwa Kikamba bila sauti kutetemeka. Ulizoea kunitania kwamba nina roho ngumu. Jumatatu ikaitwa kesi ya mauaji ya Mwalimu Ndolo. Kiongozi wa mashtaka akaeleza kwamba Mwalimu alisimama mbele ya lori pale mtoni, akawakataza msichote mchanga, na kwamba wenzako wawili waliokamatwa wanasema wewe ndiye uliyempiga na beleshi. Akakutaja kwa jina lako kamili, hadi la Baba. Musyoka, mpiga picha wangu, akageuka kuniangalia. Nilishindwa hata kuandika. Jaji akaamuru ukamatwe.

Mama alipopata habari alinishika mkono, akaniambia, "Winfred, jina la mwanangu lisitoke kinywani mwako." Mhariri naye alitaka kumpa mtu mwingine habari hiyo. Niliisoma mwenyewe, Masila, na picha yako ikaonyeshwa. Mjane wa Mwalimu pia alikuwa akitazama, ningemnyima vipi? Tangu siku hiyo Mama hanisemeshi, na inaniuma sana.

Kule kwetu Kola watu wamelichoma lile lori. Wanasema wakikupata hawatangoja korti, na tayari wamesikia umejificha mji wa Mlolongo, imebaki kuijua nyumba tu. Nimeripoti wengi waliopatikana na watu wenye hasira. Hao hawakufika kizimbani, tuliwapiga picha wakiwa wamefunikwa shuka.

Sasa nikwambie ukweli. Mkeo Syokau alinieleza chumba ulichokodi huko ghorofani, nami nikaenda kwa polisi. Usimlaumu yeye, aliniamini tu. Mtu aliyekupa barua hii ni mpelelezi. Nilimsihi akuache uisome kwanza, akakubali. Mimi na Musyoka tuko hapa langoni, kamera inawaka na tunaonyesha moja kwa moja, maana mbele ya kamera hata mwenye jiwe mkononi husita. Toka polepole, mikono juu. Usiruke dirishani. Na usijifunike uso kama wafanyavyo wengine. Nataka kila mtu aone umetoka ukiwa mzima, bila alama hata moja. Kama ulimuua Mwalimu utajibu kortini, nami nitakaa pale pale kwenye benchi langu niripoti, hata ukinichukia.

Syokau anakusalimu, watoto wako wanakusalimu. Mama sijamwambia.

Shuka, ndugu yangu. Nakungoja.

Dada yako,
Winfred Mbula