Mtoto wa Ukungu Kwenye Gari la Samaki

Jumatatu, 16 Juni

Ameingia alfajiri, kama kawaida. Nilikuwa nimeshakaa pembeni ya shamba la kahawa, viganja juu, mdomo umefungwa. Akanipanda miguuni, akanipumulia vidole, akaridhika, ndipo akajilaza shambani. Nikaenda kuosha vyombo.

Mwalimu wa Kiswahili angenikata maksi. Ukungu "umeingia", siyo "ameingia". Na kitabu cha Jiografia, cha Kiingereza, kinasema ni matone ya maji tu. Waje huku kwetu Mbozi wapumuliwe kwanza.

Leo alikuwa na mtoto! Mdogo, anaenea chini ya kichanja cha kukaushia kahawa. Hajajua kutembea vizuri, anajikwaa kwenye mashina. Alinilamba kiganja, akashtuka mwenyewe, akakimbilia kwa mama yake. Sijamwambia mtu.

Kazi ya kumpokea ilikuwa ya Bibi. Nimepewa mimi kwa sababu siongei. Mpokeaji akipiga kelele, ukungu anaondoka na hamrudii tena. Akimkimbia mpokeaji, amelikimbia na shamba. Kwa hiyo mimi ndiye niliyefaa. Hata kwenye kwaya nafungua mdomo tu, sauti sitoi. Hakuna aliyewahi kugundua.

Jumatano, 18 Juni

Baba mdogo kaja kutoka Tunduma. Bibi alimpigia simu. Kumbe naye alimwona mtoto, kupitia dirisha.

"Mulishani, Bubu!" Ndiyo salamu yake kwangu. Siku hizi anachomekea Kibemba hata akiomba chumvi. Ni dalali pale mpakani. Mahindi, vitenge, matairi. Sasa ukungu. Kapata mteja upande wa Zambia, ana shamba kubwa limekauka. Ukungu mkubwa habebeki. Mtoto anabebeka.

"Na anamfuata nani huyo mtoto? Bubu wetu!" akamwambia Baba. "Mungu hakosei, kaka. Wengine katupa midomo, huyu kampa soko."

Baba akacheka. Baba yangu mzazi. Mimi nimesimama palepale na sinia la chai.

Hakuna aliyeniuliza. Nina hasira mpaka meno yanauma.

Alhamisi, 19 Juni

Nilimfuata Bibi jikoni. Nilijua atakuwa upande wangu. Yeye ndiye aliyenifundisha kukaa, kushika pumzi, kufungua viganja.

Alikuwa anapuliza moto huku anakohoa.

Nikamwambia mama wa mtoto atamtafuta. Sentensi nzima. Kwangu hiyo ni hotuba.

"Atazaa mwingine," akasema. "Wewe unampenda kwa sababu hajakuingia kifuani. Mimi ananilalia hapa tangu nilipoolewa. Nikipata bati jipya nitalala pakavu. Toa majivu."

Nimetoa majivu.

Ninamchukia. Sasa hivi namsikia anakohoa upande wa pili wa ukuta. Bado ninamchukia, ila siyo kama mchana. Hilo nalo linanikasirisha.

Ijumaa, 20 Juni

Gari limefika. Fuso la kubebea samaki, lile lenye bodi ya ubaridi. Wameliosha kwa sabuni ya unga, bado linanuka. Limepaki mdomoni mwa shamba, milango ya nyuma wazi.

Mpango wao: nikae ndani kabisa, mwisho wa bodi, viganja juu. Mtoto anifuate. Wafunge milango. Mimi nitolewe kwa kimlango cha pembeni.

"Na kisipofunguka?" Nilitaka kuuliza. Sikuuliza.

Jioni Baba akaja kukaa karibu yangu. Alikuwa anachezea kofia yake. "Ni asubuhi moja tu, mwanangu. Wala hutahitaji kusema chochote."

Wala hutahitaji kusema chochote!

Nimejifunika blanketi nikajaribu kusema "sitaki". Imetoka kama mtu anayepuliza chai. Nikajaribu tena. Mbaya zaidi. Na hata ikitoka, nitakuwa nimemfukuza mwenyewe. Yeye na mama yake. Moja kwa moja.

Nawachukia wote. Mimi wa kwanza.

Jumamosi, 21 Juni

Nitaandika haraka kabla sijaanza kulia tena.

Nilikaa ndani ya gari. Sakafu ya baridi, magamba ya samaki kwenye kona. Mama yake alijilaza shambani. Mtoto akasimama mlangoni mwa gari, akainusa ile harufu, akasita. Nikaomba asiingie. Akaniona mimi. Akaingia.

Alikuja akijikwaa mpaka kwenye viganja vyangu. Akajikunja humo. Alikuwa ananiamini kabisa, mjinga yule. Nikaona mkono wa baba mdogo ukishika mlango taratibu. Baba kashika ule mwingine.

Nikafungua mdomo. Nilitaka kusema "sitaki". Nilitaka kusema "mwacheni". Kilichotoka, kwa sauti ambayo sikujua ninayo:

"GOOD MORNING, TEACHER!"

Kwa sababu ndicho kitu pekee nilichowahi kukisema kwa kelele maishani, darasa zima tukiwa tumesimama. Nikarudia. Nikarudia tena. Bodi ya bati ikalia kama ngoma.

Aliruka kutoka mikononi mwangu. Nilimhisi akikauka kwenye ngozi. Akampita baba mdogo usoni, na mama yake akainuka na shamba lote likainuka naye. Nikaona miti yetu ya kahawa yote kwa mara moja, mpaka bondeni, mitupu.

Baba mdogo alinirukia kwa maneno. "Umetuua! Bubu gani wewe?"

Hapo ndipo "sitaki" ilipotoka. Imechelewa. Nikaisema hivyohivyo, usoni kwake, nikaisema na kwa Baba.  Baba aliokota kofia yake akaikung'uta, wakati haikuwa na vumbi.

Jumanne, 1 Julai

Tumeamka juani. Anga jeupe kila asubuhi sasa.

Baba mdogo alirudi Tunduma na gari tupu, hajapiga simu. Baba ameanza kupima mtaro wa kuleta maji kutoka mtoni. Ni mbali. Jana nilienda kumshikia kamba. Aliniuliza, "Unaonaje, tupitishe huku au kule?" Nikasema kule. Akapitisha kule.

Bibi amelala usiku kucha bila kukohoa. Hakusema asante wala pole, na mimi sikumsemesha.

Ukungu yuko kwa jirani, ng'ambo ya bonde. Namwona anavyojilaza. Pembeni yake kuna kidogo kinachojikwaa.

Leo nimekaa mahali pangu, viganja juu. Nimekaa mpaka jua likafika miguuni. Viganja vilibaki vikavu. Nikaenda kuosha vyombo.