Mji Niliosimuliwa na Mke Wangu

Istanbul, Jumapili

Kwako Mama Salma, mke wangu,

Nakusalimu kwa upole, nikiomba barua hii ikukute umekaa, si umesimama jikoni huku wateja wanakuita. Mimi ni mzima. Kifua kimetulia tangu nilipopata sweta nzito. Salma anaendeleaje na kikohozi chake? Na mguu wa baba kule Kimamba, bado anapanda baiskeli kwenda shamba au amekubali kupumzika? Nikimuuliza mwenyewe ananijibu kwamba yeye bado kijana, kwa hiyo ukweli nautegemea kwako. Hapa nilipo ni baridi, lakini leo sitaki kuandika habari za baridi, na utaona kwa nini.

Anayekuletea barua hii ni mzee mmoja wa Iringa tunayekaa naye nyumba moja. Anarudi nyumbani moja kwa moja. Basi lake litasimama hapo Mikumi abiria wapate kula, na nimemwelekeza mgahawa wako. Mpe chakula kizuri, ni mtu mwema. Nimeona niandike kwa sababu kwenye simu siku hizi mimi na wewe tunakatizana, na mambo ya safari hii nataka uyasikie mpaka mwisho.

Naanzia pale ulipoanzia wewe. Ulinipigia siku moja nikiwa natoka kazini, ukaniuliza kama nimeshakula yale maziwa matamu yanayopikwa pamoja na kuku. Nilidhani nimesikia vibaya. Ukarudia kwamba huku Istanbul kuna maziwa mazito yenye sukari, ndani yake mna kidari cha kuku kilichochambuliwa kikawa nyuzi, na watu wanakula baada ya chakula kama sisi tunavyokula tunda. Nikakuuliza umeyatoa wapi. Ukasema, bila kusita, "Festo kanisomea."

Festo nilikuwa namjua kwa jina tu. Ulishawahi kunitajia kwamba miongoni mwa madereva wa magari ya watalii wanaokula mchana kwako yumo mmoja anayeitwa hivyo, mtoto wa wafugaji wa Msowero, hana mke, Kiingereza anakijua kwa sababu ya kuzunguka na wageni mbugani. Sikujali. Wanaokula kwako ni wengi. Nilichokuwa sijui ni kwamba mgeni mmoja alisahau kitabu hotelini, kitabu cha vyakula na vituko vya mji huu ninaoishi mimi, na kwamba Festo alikichukua akakuletea, akisema, "Mama Salma, huku si ndiko aliko mzee wako?" Sikujua pia kwamba wenzake wakishanawa na kuondoka, yeye anabaki kwenye benchi anakusomea na kukutafsiria huku wewe unaosha masufuria.

Basi kila ukinipigia ikawa Festo kasema. Festo kasema bibi wa ghorofa ya juu hashuki dukani, anateremsha kikapu kwa kamba dirishani, mwenye duka anatia mkate, bibi anavuta. Festo kasema huko kuna watu wananunua mikate miwili, mmoja wanauacha dukani kwa ajili ya maskini wasiyemjua. Festo kasema paka wa mtaani wanajengewa vibanda, na paka akilala kwenye kiti cha mgahawa, mteja ndiye anatafuta kiti kingine. Festo kasema wanakunywa maji ya achari kwenye bilauri kama soda. Ulikuwa unacheka, Mama Salma. Nilikisikia kicheko chako na nikajua kimeanza tangu mchana, mbele ya mtu mwingine, mimi naletewa kiporo.

Nieleze na upande wangu, maana hujawahi kuuona. Karakana yetu ya nguo iko chini ya jengo, mtu anashuka ngazi. Mimi niko kwenye pasi ya mvuke. Naingia asubuhi kabla hakujapambazuka vizuri na nikitoka giza limerudi. Mji huu naujua kuanzia kituo cha basi hadi mlango wa karakana. Sasa wewe, uliyeko kando ya barabara ya Iringa unakofukuza nyani wasikubebe ndizi, unanieleza mimi habari za Istanbul. Nilikuwa nanyoosha shati na kumwona Festo anafunua ukurasa. Nilikuwa nakuona unamwongezea maharage. Modou, Msenegali tunayesimama naye pasi kwa pasi, alinionya mara kadhaa kwamba nitaunguza nguo za watu.

Ndipo nikakuambia maneno yale. Nilikuambia umrudishie kitabu chake, kwamba mke wa mtu hasomewi na mwanamume mchana kweupe, na kwamba habari za maziwa na kuku ni uongo anaokudanganya nao ili azidi kukaa. Ulisema, "Sawa, Baba Salma," simu ikakatika. Tangu hapo ukawa unaniandikia ujumbe mfupi tu, Salma kaenda shule, mvua imenyesha, kwaheri.

Jumapili iliyofuata nikamwomba Modou tutoke. Sikutoka kutembea. Nilitoka kutafuta ushahidi kwamba Festo ni mwongo. Nilikuwa nimeshajipangia jinsi nitakavyokupigia na kukuambia nimezunguka mji mzima, nimeuliza, watu wamenicheka. Tukaingia duka la kwanza la vitamu tulilolikuta. Nikamuuliza mhudumu kwa Kituruki changu cha karakana kama wana maziwa yenye kuku. Hakucheka. Akatuletea sahani mbili.

Ilikuwa nyeupe, imekunjwa kama kitambaa, juu wamenyunyizia mdalasini. Nikaonja. Hakuna harufu ya kuku wala ladha yake. Ni utamu wa maziwa, halafu ukibonyeza kwa ulimi unazikuta nyuzi nyembamba. Nikamwambia mhudumu kuku hayumo. Akachukua kijiko changu, akavuta kipande taratibu, nyuzi zikaonekana zimening'inia. Ilikuwa hivyohivyo kama ulivyonieleza, mpaka hilo la kwamba mtu hamsikii kuku, anazisikia nyuzi tu.

Sikufurahi hata kidogo. Nilimchukia Festo kuliko mwanzo, maana mwongo unaweza kumtupa ukamsahau, lakini huyu alikuwa amesema kweli. Alikuwa amekaa na mke wangu akamwonjesha kwa maneno kitu ambacho mimi, ninayelala umbali wa vituo vichache, nilikuwa sijakigusa. Modou alimaliza yake, akala na yangu. Akaniambia mke wake kule Dakar hajawahi kumuuliza hata mara moja mji huu ukoje, anauliza tu anarudi lini, na kwamba angekuwa na mke kama wangu angeshukuru. Nikamjibu yeye hana Festo.

Tulipokuwa tunarudi tukapita duka lingine, dirishani wamepanga bilauri za kinywaji kizito cha rangi ya maziwa yaliyokolea. Modou akataka tuonje. Wanakula kwa kijiko, na dengu za kukaangwa juu yake. Nikatia kijiko mdomoni. Mama Salma, ilikuwa togwa. Ni nafaka iliyochachushwa ikapata ule utamu wenye ukali nyuma yake. Ukiondoa mdalasini na dengu, ni togwa anayotengeneza mama Kimamba siku za mavuno, tunayokunywa na vumbi la mahindi likiwa bado kwenye nyusi. Nilisimama pale katikati ya watu wenye makoti, kijiko mkononi. Nilisahau kama tumegombana. Nikakupigia.

Unayakumbuka tuliyosema, lakini nataka kuyaandika jinsi nilivyoyasikia mimi.

Nilikuambia, "Nimekunywa togwa."

Ukauliza, "Ile wanayonyunyizia mdalasini?"

Kumbe hata hiyo ulikuwa unaijua. Nikakuuliza kama nayo alikusomea Festo.

"Hiyo niliisoma mwenyewe," ukasema. "Sikukuambia makusudi. Nilitaka siku moja uikute mwenyewe, unipigie."

Wewe ndiye uliyeendelea, na sauti yako haikuwa ya ugomvi.

"Baba Salma, kila nikikuuliza huko kukoje, unanijibu baridi. Mwaka wa kwanza baridi, wa pili baridi. Mtoto ananiuliza baba anakaa wapi, nimwambie kwenye baridi? Nimeutafuta huo mji kwa mtu aliyekuwa na kitabu, kwa sababu wewe umo ndani yake."

Halafu ukaniambia lile lingine ambalo sikulitarajia. Kwamba Festo siku moja alifunga kitabu, akasema kama utakuja kuchoka kunisubiri, yeye yupo.

Nikakuuliza ulimjibu nini.

"Nilimwambia asome ukurasa unaofuata."

"Akasoma?"

"Akasoma. Kesho yake nikamwomba aniachie kitabu na kamusi yake. Sasa anakula kama wenzake, analipa, anaondoka."

Nilivyokata simu Modou aliniuliza kama kuna msiba. Nikamwambia hapana. Sikuweza kumweleza, kwa sababu mwenyewe sikujua ni furaha au nini. Nilijisikia mtu mwenye bahati. Papo hapo nikamwona yule bwana amekaa kwenye benchi lako, amesema neno lake, amejibiwa, na bado anasoma habari za paka na vikapu kwa sauti isiyotetemeka. Nikamwonea huruma, kisha nikakasirika kwamba ameweza. Mimi nisingeweza. Nikisema nimeacha wivu nitakuwa nakudanganya, na safari hii nimeamua kuandika kweli tupu. Bado upo. Ila umehama. Zamani nilimwonea wivu yeye kwa ajili yako. Sasa nakuonea wivu wewe. Umekaa jioni na kamusi yako, umeupitia mji huu mtaa kwa mtaa, na mimi niliye ndani yake sina changu hata kimoja cha kukuonyesha ambacho hujakitangulia.

Kwa hiyo leo nilitoka peke yangu. Kuna mahali wanauza vitabu vilivyokwishasomwa, vimepangwa barazani. Nilitaka na mimi nipate cha kwenu. Nilimwambia mwenye duka Tanzania, akapekua sana, akaniletea kikubwa chenye picha. Mikumi imo. Nikafunua kwa pupa. Nyati, tembo, pundamilia, majani makavu, milima kwa mbali. Hakuna mtu hata mmoja. Picha moja tu ina barabara yetu, twiga anaivuka, na lami inaelekea upande ule ule wa mgahawa wako. Nilisogeza macho karibu kana kwamba nikikaza nitaliona bati lako. Picha inaishia pale. Nikamrudishia kitabu chake.

Nilitembea nikiwaza kwamba wewe una kitabu cha mji wangu, na mji wako hakuna aliyeuandika. Watu wanatoka mbali kuja kupiga picha twiga, hakuna anayeuliza mama lishe wa stendi anapika nini.

Basi ninakuomba hili, na ndilo hasa lililonifanya nishike kalamu. Niandikie Mikumi. Niandikie madereva wa malori wanakula nini wakishuka mlima na wanakula nini wakipanda, na nani anakupunguzia pilipili kwa siri. Niandikie jinsi nyani wanavyojua siku ya kupika ndizi. Ukienda Kilosa kwa wazazi wako, niandikie treni mpya inasikikaje ikipita, na kama wazee bado wanabishana kuhusu mashamba ya mkonge. Niandikie Salma anasemaje akiwa amekasirika, maana nilimwacha hajui kukasirika kwa maneno. Andika kwa mkono wako mwenyewe, na Festo asikusaidie hata nukta.

Mimi nitakuandikia yasiyomo kwenye kitabu chako. Hakuna kitabu kitakachokuambia kwamba mvuke wa pasi unanuka kama mvua ya kwanza kwenye vumbi la Kimamba, au kwamba bibi wa jengo la mbele, mwenye kikapu cha kamba, jana aliniteremshia machungwa mawili bila kunijua jina.

Wape shikamoo baba na mama, na umwambie mama togwa yake inauzwa kwenye maduka ya vioo huku. Mjomba wako fundi cherehani mwambie nyuzi alizoagiza nimempa huyu mzee. Dada yangu wa Kilangali, anayefanya kazi shamba la mbegu, nampa pole kwa kufiwa na mama mkwe. Salma mbusu kichwani, mwambie baba anakaa kwenye mji wa paka.

Kitabu kile usikirudishe. Kimalize. Ila ukifika kwenye sehemu nzuri, usimsomee mtu yeyote. Nipigie mimi, hata kama niko kwenye pasi, nitaiweka chini.

Mumeo anayekuonea wivu,

Ramadhani, Baba Salma